Filamu nne fupi za upweke wa mjini: uanze na ipi?

Filamu fupi za majaribio, yaani zinazoacha kanuni za kawaida za sinema ili kujaribu njia nyingine, kuhusu upweke wa mjini ni nyingi, na karibu zote hutambulishwa kwa maneno yale yale: umati, majengo marefu, mtu mmoja asiyejulikana na yeyote. Mtu anayetaka kuanza, au anayetafuta moja ya kuwaonyesha wenzake, hawezi kuchagua kwa maneno hayo. Ukizitazama ndipo unaona zilivyo mbalimbali. Moja inakuchosha kwa dakika saba tu. Nyingine unaweza kuirudia jioni hiyo hiyo na kila mara ukaona mtu ambaye hukumwona. Ipo isiyodai lugha yoyote, na ipo yenye mwisho ambao si haki kumwonyesha mtu bila kumwonya.

Nimechagua nne ambazo naamini kila moja inafanya kazi yake barabara: *Very Nice, Very Nice* ya Arthur Lipsett (Kanada, 1961), *Borom Sarret* ya Ousmane Sembène (Senegal, 1963), *Saute ma ville* ya Chantal Akerman (Ubelgiji, 1968) na *Tango* ya Zbigniew Rybczyński (Poland, 1980). Ukizijumlisha hazifiki saa nzima. Hata hivyo sishauri uzitazame zote kwa mkupuo, kwa sababu zitafunikana.

Nazilinganisha kwa nini

Kigezo cha kwanza ni chanzo cha upweke wenyewe. Upo upweke wa kuzungukwa na watu kupita kiasi. Upo wa kuzuiwa usiingie sehemu fulani ya mji wako mwenyewe. Upo wa kujifungia ndani, na upo wa kuishi bega kwa bega na watu ambao hamwonani. Ukishajua ni upi unaokugusa, nusu ya uamuzi umeshaufanya.

Cha pili ni sauti, na hiki nakipa uzito kuliko vingine vyote. Katika filamu tulizozizoea, mdomo ukifunguka sauti inatoka, mlango ukifungwa tunausikia, na kwa hiyo tunasadiki kwamba yule mtu yupo pale. Filamu hizi nne zimekata uzi huo. Sauti imetoka mahali pengine ikaja kuwekwa juu ya picha. Mtazamaji hajaijua hadithi bado, lakini sikio limeshamwambia kwamba anayeonekana na anayesikika hawako pamoja. Kwa maoni yangu hapo ndipo ugeni wa mjini unapoonyeshwa kwa ukweli zaidi, kuliko kwenye picha ya mtu aliyesimama peke yake kituoni. Kila mwongozaji ameukata uzi huo kwa njia yake, na njia hiyo ndiyo itakayokushika au kukuchosha.

Cha tatu ni kile ambacho filamu inakudai: dakika, lugha na moyo. Cha nne ni nani inamfaa na nani haimfai.

Very Nice, Very Nice: umati usio na majina

Lipsett alikuwa mhariri kijana katika Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada, mjini Montreal. Alikuwa akiokota vipande vya utepe wa sauti ambavyo wenzake wamevitupa, akaviunganisha kwa kujifurahisha tu. Wenzake waliposikia, wakamhimiza aendelee, na ndipo sauti zile zikatafutiwa picha. Kwa maneno mengine filamu hii ilizaliwa masikioni. Picha zake nyingi ni za mnato, nyingine alizipiga mwenyewe mitaani, na zinapita kwa kasi mno.

Upweke wa hapa ni wa wingi. Uso, uso mwingine, uso mwingine tena; hakuna anayepewa jina wala anayekaa muda wa kutosha umzoee. Katikati yake linachomoza tangazo la biashara, mwanasiasa, umati, wingu la bomu la nyuklia. Mji huu hauna mtaa unaoweza kuutembea. Ni mji wa magazeti, redio na mabango, ambamo watu wanaangaliwa kutwa na hakuna anayewasemesha.

Sikiliza mwanzo wake. Sauti nzito inaanza kutangaza kwamba katika mji huu kuna jeshi linaloandamana, lenye kaulimbiu yake, na kabla kaulimbiu haijatajwa inakatwa na honi. Kanuni ya filamu nzima imewekwa hapo ndani ya sekunde chache. Mtu anaanza kutoa maoni mazito kuhusu hali ya dunia, sentensi yake inakatwa, na neno linalofuata ni la mtu mwingine ambaye hakuwa akizungumza naye. Kila mmoja ana la kusema, na hakuna anayefika mwisho wa alilotaka kusema.

Inakudai nini? Muda ni mdogo, kama dakika saba. Maneno ni ya Kiingereza, tena yamekatwakatwa, hivyo asiyejua lugha hiyo atapoteza sehemu yake, ingawa mapigo ya uhariri atayapata. Moyo haiuumizi sana, ila kichwa kinazunguka, na baadhi ya picha zinamtaka mtazamaji ajue hofu ya miaka ya Vita Baridi. Ilipendekezwa kuwania Oscar, na mwongozaji mashuhuri Stanley Kubrick aliipenda kiasi cha kumwandikia Lipsett. Kuipata ni rahisi kwa sababu Bodi yenyewe imeiweka kwenye tovuti yake bure.

Inamfaa mtu wa uhariri, mtu wa sauti, na yeyote anayehisi kwamba habari zinazomwagika kwenye simu yake zimemfanya awajue watu wengi na asimjue hata mmoja. Anayependa kumfuata mhusika kuanzia mwanzo mpaka mwisho hatapata pa kushika.

Borom Sarret: mji wenye mpaka

Wapo watakaouliza kama hii ni ya majaribio kweli, kwa sababu hadithi yake imenyooka: siku moja ya mwendesha mkokoteni wa farasi mjini Dakar, kutoka asubuhi anapotoka nyumbani mpaka jioni anaporudi. Naiweka humu bila kusita. Sembène alikuwa ameshajijengea jina kama mwandishi wa riwaya alipokwenda Moscow kusomea filamu, akarudi na kutengeneza hii miaka mitatu tu baada ya uhuru wa Senegal. Jaribio lake liko kwenye sauti, na nitalifikia.

Kwanza chanzo cha upweke. Hapa si hisia inayomjia mtu bila sababu. Upweke una barabara zake, kanuni zake na askari wake. Mji umegawanyika: kuna mitaa wanakoishi watu wa kawaida, na kuna Plateau, mtaa wa majengo ya kizungu, ambako mikokoteni hairuhusiwi. Abiria mmoja aliyevaa vizuri anambembeleza dereva ampeleke huko, na dereva anakubali kwa shingo upande. Askari anamsimamisha. Katika kutoa karatasi zake, nishani yake ya vita inaanguka chini, na askari anaikanyaga. Kamera inatuonyesha kiatu juu ya nishani, na halihitajiki neno. Abiria ameshatoweka na nauli hajalipa. Mkokoteni unachukuliwa, na mtu anarudi nyumbani akiongoza farasi asiyevuta kitu.

Kinachoifanya filamu hii iwe kubwa kwangu ni kwamba Sembène hakumgeuza dereva kuwa malaika. Asubuhi ile ile alimpita ombaomba mlemavu bila kumjali, kisha fedha alizozitolea jasho akampa mwimbaji aliyemsifu kwa mababu zake. Alimbeba baba mwenye maiti ya mtoto mchanga hadi makaburini, na baba alipokataliwa kwa sababu ya karatasi, dereva alishusha maiti akaondoka zake. Aliyetengwa na mji naye anatenga wengine. Sijaona filamu nyingi fupi zenye ujasiri wa kulisema hilo kuhusu mtu maskini huku zikiendelea kumpenda.

Sasa sauti. Filamu ilipigwa bila sauti, na maneno yakaingizwa baadaye. Tunachosikia kwa sehemu kubwa ni fikra za dereva, na fikra hizo ni za Kifaransa, lugha ambayo mtu kama yeye asingeitumia na mkewe wala na farasi wake. Mwenye mji wake anawaza kwa lugha ya waliomfungia mji. Na muziki nao unabadilika: kwenye mitaa ya wananchi ni ala za kienyeji, kule Plateau ni muziki wa Ulaya. Ukifumba macho bado utajua amevuka mpaka.

Ina dakika kama ishirini, hivyo ndiyo ndefu kuliko zote nne. Tafuta nakala yenye tafsiri kama hujui Kifaransa, kwa sababu hapa maneno ni ya lazima. Moyo unadaiwa sana: kuna kifo cha mtoto na kuna njaa. Mwendo wake ni wa taratibu.

Inamfaa anayetaka kuzungumza na wenzake baada ya kutazama, anayeanza kabisa na anaogopa neno "majaribio", na anayeshuku kwamba upweke wa mjini ni anasa ya walioshiba. Anayetafuta mchezo wa picha na maumbo asianzie hapa.

Saute ma ville: jikoni, mlango umefungwa

Onyo kabla ya yote: filamu hii inaisha kwa kujiua. Haionyeshwi kwa damu, lakini inakuja, na inamkuta mtazamaji akiwa bado ana tabasamu. Aliye katika kipindi kigumu aiache kwa sasa, au aitazame na mtu anayemwamini.

Akerman alikuwa na miaka 18 alipoitengeneza, baada ya kuacha chuo cha filamu, na anayeigiza ni yeye mwenyewe. Msichana anaingia kwenye jengo la ghorofa akiwa na maua mkononi, anapanda ngazi mbio, anaingia jikoni. Anapika tambi na kula. Anamtoa paka. Anaanza usafi ambao kadiri unavyoendelea ndivyo jiko linavyochafuka. Anapiga kiwi viatu, kisha brashi inapanda hadi kwenye mguu. Kazi zote ni za kila siku, na zote zimevuka mpaka wake kidogo tu.

Upweke wa hapa ni wa kujifungia. Hakuna askari aliyemzuia wala umati uliomkanyaga. Mji uko nje, chini, na hauhusiki, na hiyo ndiyo hoja: jengo limejaa watu na hakuna hata mmoja anayebisha hodi.

Sauti ndiyo iliyonikamata zaidi. Msichana anaimba kwa kuguna, lalala lalala, karibu muda wote, ila mguno haufuati midomo yake. Ni kama umetoka chumba cha pili. Kwanza unafurahisha, halafu unaanza kuudhi, halafu unaogopesha, na wimbo haujabadilika. Kilichobadilika ni unachokitazama. Mlipuko wa mwisho unasikika skrini ikiwa nyeusi, na majina ya walioshiriki yanatajwa kwa sauti badala ya kuandikwa.

Dakika zake ni 13, na lugha haidai. Inamfaa anayetaka kutengeneza filamu na hana vifaa, maana inaonyesha kwamba jiko moja, mwili mmoja na kamera vinatosha. Inamfaa pia anayetaka kumjua Akerman kabla ya kuingia katika filamu yake ndefu ya 1975, *Jeanne Dielman*, ambayo mwaka 2022 wahakiki walioombwa kura na jarida la filamu la *Sight and Sound* waliiweka juu ya filamu zote. Ile nayo inakaa jikoni sana. Kwa kikundi cha watu usiowajua vizuri, sipendekezi.

Tango: kila mtu na hamsini zake

Chumba kimoja. Kamera haisogei hata kidogo. Mpira unaingia dirishani, mtoto anarukia ndani, anauchukua, anatoka. Mpira unaingia tena, mtoto anaurudia tena. Wakati huo mama anaingia na mtoto mchanga na kumlaza. Mwanamume anaweka kifurushi juu ya kabati. Mwizi anaingia dirishani, anakichukua, anatoka. Mwenye kifurushi anarudi kukiweka tena. Fundi anabadili balbu na kuanguka. Wanaongezeka mmoja mmoja, kila mmoja na mzunguko wake usiobadilika, mpaka chumba kinabeba watu 36. Wanapishana kwa nafasi ndogo kabisa. Hakuna anayegongana na mwenzake wala anayemtazama.

Mara ya kwanza ukiitazama utacheka, na ni haki yako. Mara ya pili chagua mtu mmoja tu, tuseme yule mama, umfuate yeye peke yake dakika zote. Utaona jinsi anavyoingia, anavyopata sakafu yake ndogo, na anavyotoka huku watu wakipita kando yake kama hewa. Kila mzunguko ulipigwa picha peke yake, kisha yote yakaunganishwa. Watu hao hawakuwahi kuwa pamoja mle chumbani. Rybczyński mwenyewe amesimulia kwamba alilazimika kuchora na kupaka rangi vibao takriban 16,000 vya kuzibia sehemu za picha, kazi iliyomchukua miezi saba kwa saa 16 kila siku. Mbinu na maana vimekuwa kitu kimoja, na ndiyo sababu sidhani kama ingeweza kutengenezwa kwa waigizaji waliokusanywa siku moja chumbani.

Kwa sauti, hakuna mazungumzo. Kuna muziki wa tango wa Janusz Hajdun unaojizungusha kama watu wenyewe. Dansi la tango ni la wawili walioshikana. Humu muziki unapigwa na hakuna anayeshikana na yeyote isipokuwa wapenzi wawili kitandani, ambao nao hawaoni kwamba chumba kimejaa. Baadaye watu wanapungua mpaka anabaki bibi kizee kitandani. Mpira unaingia tena. Safari hii anauokota yeye na kutoka nao.

Dakika nane, lugha hakuna, moyo hauvunjiki. Ila kuna uchi na kuna tendo la ndoa, kwa hiyo si ya kuwawekea watoto. Ilishinda Oscar ya uhuishaji mwaka 1983. Usiku ule Rybczyński alitoka ukumbini kuvuta sigara, walinzi wakamkatalia kurudi ndani, ukazuka ugomvi na akaishia mahabusu, mshindi ambaye hakuna mlangoni aliyemtambua.

Inamfaa karibu kila mtu mzima anayeanza, na hasa anayeishi kwenye nyumba ya kupanga yenye vyumba vingi. Haimfai anayetaka kujua watu hawa ni akina nani. Hutajua.

Kwa hali yako

Kama una jioni moja na watu wenye lugha tofauti, weka *Tango*, kisha irudieni papo hapo huku kila mmoja akimfuata mtu wake. Mazungumzo yataanza yenyewe.

Kama ni kikundi kinachotaka kujadili mji, haki na riziki, *Borom Sarret* haina mpinzani humu. Tenga muda wa mjadala ulio mrefu kuliko filamu, na usikubali mjadala uishie kwa askari. Waulize wenzako kuhusu ombaomba na kuhusu maiti ya yule mtoto.

Kama unaitazama peke yako na kinachokuchosha ni kelele za habari, chukua *Very Nice, Very Nice*, tena kwa hedifoni. Kwa spika ya simu utapoteza vipande vidogo vya sauti, na vipande hivyo ndiyo filamu.

Kama unajisikia mpweke kweli siku hizi, mimi nisingeanza na *Saute ma ville*, hata ikisifiwa vipi. Anza na *Tango*. Ya Akerman itakungoja.

Ukiwa umetulia na unataka moja itakayokaa nawe wiki nzima, kati ya Akerman na Sembène amua hivi: ukitaka kuhisi, Akerman, ukitaka kuelewa mji unavyofanya kazi, Sembène.

Kwa mwalimu wa uhariri mwenye kipindi kimoja, ziwekwe mbili, ya Lipsett na *Tango*, kwa sababu moja inakata kila sekunde na nyingine haionekani kukata kabisa, na zote zinafika kwenye watu wasiokutana.

Na kama unataka kutengeneza yako, tazama *Saute ma ville* kwa ajili ya ujasiri, kisha ufanye alivyofanya Lipsett: kusanya sauti kwanza. Rekodi ngazi za jengo lako, mlango wa jirani, mtu anayezungumza na simu upande wa pili wa ukuta. Zipange mpaka zisikike kama mji unaoujua, na hapo ndipo utafute picha za kuziweka chini yake.